Neno Moja Kabla ya Jina la Inayat

Mwaka umezunguka, Raafat, tangu uliposhika ukuta wa studio, ukaomba kiti, na kabla kiti hakijafika ukawa umeshakwenda. Wewe ambaye hukukubali mwigizaji yeyote, hata wa sentensi moja, angoje zamu yake kwa miguu. Mwenyezi Mungu akurehemu, mdogo wangu, na akupanulie kaburi lako. Ninayeandika ni dada yako Dawlat, kwa niaba ya familia yote, wapende wasipende.

Tangazo hili lilipaswa kuwa fupi. Bwana wa gazeti aliniambia kwa simu, "Hajjat, watu huandika mistari michache tu." Nikamjibu kwamba hao watu hawakuwa na mdogo kama wangu, wala hawakuwa na majirani kama wetu. Lakini nisidanganye: limechelewa kwa ajili ya neno moja. Kule mwisho, tunapotaja wanaokukumbuka, sikujua jina la Inayat litanguliwe na neno gani. Mwaka mzima nimeishi na shaka kama mwanamke aliyekulilia mbele ya watu wote alikuwa bado mkeo siku uliyokufa.

Na wasomaji wasidhani ni mambo ya mirathi. Hayo yaliisha mapema, kwa salama, kabla shaka haijaniingia. Hili lilikuwa kubwa zaidi, na nitalieleza, kwa sababu nusu ya mtaa wetu wa Abbasiya imeshalisikia kwa upande mmoja tu.

Kwanza wewe. Ulianza kazi kama karani wa idara ya maji, ukiandika vichekesho vya redio nyuma ya risiti za watu. Baba alikuwa akisema, "Huyu atakufa na njaa huku anacheka." Kisha ikaja tamthilia yako ya kwanza ya Ramadhani, ile ya mpiga pasi wa mtaani, na futari zikawa zinapoa mezani Kairo nzima kwa sababu watu walikuwa wanakodolea televisheni. Baba alikaa mstari wa mbele sebuleni na kuwanyamazisha wageni. Hakuwahi kukwambia kwamba alipenda. Mimi nakwambia sasa: alilia kwenye sehemu ya mwisho, akasingizia vitunguu, na hakukuwa na kitunguu nyumba nzima.

Baadaye ukawa mtayarishaji, maana ulichoka kuona maneno yako yakibadilishwa na watu wenye simu mbili mbili. Kila tamthilia uliyotayarisha ulitafuta wazee ambao hakuna aliyewaita tena kazini. Ulimpa kila mmoja japo sentensi moja, ili jina lake lipite kwenye kioo na wajukuu zake waone. Asubuhi uliwakalisha wote meza moja, nyota na wabeba taa, mkala maharage ya ful na mikate ya moto. Nilikuja mara moja nikakukuta unammenyea kitunguu mzee asiye na meno. Nilijivuna siku ile, ingawa nilikwambia tu shati lako limekunjamana.

Ila ulikuwa mwizi, Raafat. Tuseme ukweli mbele ya watu. Hakuna aliyeweza kupiga chafya kwako bila kuikuta chafya hiyo Ramadhani inayofuata. Tulikaa mbele ya televisheni kama watu wanaongoja majibu ya polisi. Mdogo wetu Mukhtar alinuna toka Idi moja hadi nyingine kwa sababu ya mume bahili mwenye sharubu. Na yule shangazi anayefunga sukari kabatini kwa ufunguo? Uliniapia kwamba si mimi. "Dada, sukari hufungwa na wengi," ulisema, huku unatazama dari. Nilisimamia mitihani ya serikali karibu maisha yangu yote ya kazi, na mtu anayetazama dari namjua.

Kwa hiyo watu wanaposema Dawlat ana shaka na kila mtu, wakumbuke nilikuwa na nani nyumbani.

Nakumbuka na namna yako ya kuandika. Wewe hukuandika kwa kimya kama watu wengine. Ulitembea jikoni kutoka dirishani hadi kwenye jiko ukisema maneno ya kila mtu, bwana, bibi, polisi, mtoto, na Inayat akiwa amekaa juu ya kiti cha chini anachambua mlenda, akikusomea upande wa wanawake. Sentensi isiyosemeka mdomoni uliifuta. Inayat ndiye aliyekuwa masikio yako, hilo sikulikataa hata nilipomshuku.

Na jiko lenu, kama majiko yote ya jengo lile, linatazama ule upenyo wa hewa wa katikati, ambako dirisha linatazama dirisha na harufu ya kila chungu hupanda hadi juu. Upande wa pili wa upenyo anaishi Hajjat Fikriya. Mwenye macho haambiwi tazama, na Hajjat Fikriya hana haja ya kuambiwa sikiliza.

Ilikuwa siku ya arubaini yako. Wageni walikuwa wameshaondoka, vikombe vimejaa sinia, nami nimekaa na viatu nimevua. Hajjat Fikriya akanisogelea hadi nikasikia harufu ya hiliki mdomoni mwake.

"Hajjat Dawlat," akasema, "mimi si mtu wa maneno."

Nilijua hapo hapo kwamba yanakuja maneno.

"Lakini kuficha ni dhambi. Marehemu alimwacha mkewe."

"Alimwacha nani?"

"Inayat. Kabla ya kufa. Majira ya baridi, mchana, nikiwa nasonga unga. Nimesikia kwa masikio yangu haya. Nimekuacha, nimekuacha, nimekuacha. Tatu, Hajjat. Ukuta ukatetemeka."

"Na yeye?"

"Sikungoja. Ningengoja vipi? Nilikwenda kwa mama Samia kunywa maji, moyo wangu ulikuwa unadunda."

Kwa mama Samia! Basi Abbasiya nzima ilikuwa inajua kabla yangu, na mimi ndiye niliyekulea.

Nilitaka kumtimua, Raafat. Lakini wanasema lisemwalo lipo, na kama halipo laja, na mimi nilikuwa na ushahidi wangu mwenyewe ambao sikumwambia mtu. Majira yale yale ya baridi ulikuja kwangu mchana bila kupiga simu. Ukakaa. Hukula. Kisha ukaniuliza, "Dada, mtu anaweza kusema neno ambalo si lake, likamdhuru?" Nikakwambia, "Kula, wali unapoa." Ukanitazama, ukacheka kidogo, ukavaa koti ukaondoka. Nililigeuza geuza swali lile kitandani mwangu hadi likanichosha.

Kama uliyasema, na uliyasema mara tatu, basi miezi ile yote iliyofuata ulikuwa ukikaa na mwanamke asiye halali kwako, ukila chakula chake na kulala nyumba moja naye, kisha ukaenda kwa Mola wako hivyo hivyo. Hilo ndilo lililoniondolea usingizi. Watu walidhani namchukia wifi yangu. Nilikuwa nakuogopea wewe.

Nikaenda kwa sheikhe wa msikiti wetu. Sikutaja majina. Nikasema, "Kuna mtu, mwandishi wa tamthilia, amesikika akitoa talaka jikoni kwake."

Sheikhe akapapasa ndevu. "Huyo mtu ni marehemu Ustadh Raafat?"

"Nimesema kuna mtu!"

"Haya, kuna mtu. Mtu huyo akiwa anasoma maneno ya hadithi, mkewe haachiki, kama vile mwalimu anayefundisha mlango wa talaka haachi mkewe kila siku darasani. Lakini akimwambia mkewe kwa ulimi wake mwenyewe, hata kama anatania, limempata. Sasa, alikuwa anasoma au anasema?"

"Ndilo ninalokuuliza wewe, sheikhe."

"Mimi sikuwa jikoni, Hajjat." Akaongeza kwamba mahakamani tatu za mpigo mmoja huhesabiwa moja tu. Nikamwambia siogopi mahakama, naogopa kaburi.

Lakini aliniachia njia. Kama ulikuwa unasoma, basi talaka hiyo imo ndani ya tamthilia. Na tamthilia yako ya mwisho, "Jirani wa Ghorofa ya Chini", ilikuwa imeshapigwa picha, inangoja Ramadhani. Nikajiambia: Dawlat, kaa uangalie. Talaka ikionekana kwenye kioo, mdogo wako ameokoka na Inayat ni mjane wake. Isipoonekana, basi.

Sijawahi kufunga Ramadhani ngumu kama ile. Kila siku baada ya adhana nilikuwa nakunywa juisi ya aprikoti huku macho yangu yako kwenye televisheni. Inayat alikaa upande wangu, amevaa nyeusi, ananisogezea sahani. "Kula, wifi." Nikawa namtazama yeye anavyoitazama tamthilia. Mume na mke waligombana sehemu hii na ile, na kila walipogombana nilisema kimoyomoyo, "Sema! Mwache! Mwache huyo mwanamke, Mungu akubariki!" Mungu anisamehe, nilimwombea mwanamke wa watu talaka kila futari.

Mume alikuwa Hamdi Shalqani, yule mwenye mabega na sauti ya pipa, ambaye kwenye kila tamthilia lazima ampige mtu kofi. Mke alikuwa Buthaina, mkewe wa kweli. Tukafika karibu na mwisho. Hamdi anarudi nyumbani amefura, anafungua kabati, anatupa nguo za mkewe sakafuni. Anamgeukia. Anainua kidole. Anafungua mdomo.

Tukaonyeshwa basi linapita barabarani.

Basi! Lilipokwisha kupita, Buthaina alikuwa yuko kwa kaka yake na hakuna aliyetueleza amefikaje. Nilisimama. Nihal, binti yako, akasema, "Shangazi, kaa, unaziba." Nikamtazama Inayat. Alikuwa ameinamisha kichwa, anaokota makombo ya keki ya kunafa kwenye kitambaa cha meza, moja moja, na alikuwa anatabasamu. Kutabasamu! Nikajua hakukuwa na talaka kwenye hadithi. Talaka ilikuwa jikoni.

Nikampigia mwongozaji wako. Nikamuuliza nani amekata pale. Mtu mzima yule akaanza kukohoa. "Hajjat, yale... yale ni mambo ya ndani. Niliahidi."

"Uliahidi nini? Ulimwahidi nani?"

"Marehemu." Akakata simu. Sasa niambie, Raafat, ungekuwa wewe ndiye unayeandika hii hadithi, ungefikiria nini?

Tangu hapo nikawa sisemi na wala silali. Nilikwenda kwa Inayat kila wiki kama kawaida, nikamsabahi, nikanywa chai yake, nikamchunguza. Akinyamaza, nilisema ana la kuficha. Akicheka, nilisema amesahau haraka. Akizungumza nawe mbele ya picha yako, nilisema ananifanyia maigizo. Kumuuliza uso kwa uso sikuweza. Utamuulizaje mjane, bado ana nyeusi mwilini, kwamba mumeo alikuacha? Ulimi ulikuwa unafika hapa, unarudi.

Kisha hitima ya mwaka ikakaribia, na tangazo likaja. Niliandika majina yote. Nilipofika kwake niliandika "Inayat", peke yake, bila neno mbele, nikampelekea Nihal asome.

Alisoma. Akaweka chini. Unamjua mwanao anapokasirika, anakuwa mpole kama daktari wa meno.

"Shangazi, hapa pamesahaulika neno."

"Halijasahaulika."

"Mama yangu ni nani hapa? Mpangaji?"

"Nihal, mwanangu, kuna mambo..."

"Yale ya Hajjat Fikriya?" Alijua! "Shangazi, yamenifikia toka kwa muuza mboga. Nilikuwa nangoja nione lini utamuuliza mama. Sasa naona utamzika kwanza." Akachukua koti. "Alhamisi tunakanda mikate ya rehema ya kugawa makaburini. Njoo. Na huyo Hajjat wako aje."

Alhamisi nikaja. Unga ulikuwa umejaa sebule nzima, Inayat jikoni anakaanga ufuta, Hajjat Fikriya amekaa kwenye kochi amekunja mikono ya nguo, hajagusa hata donge moja. Nikamkuta pia Hamdi Shalqani, mabega yake yamejaza kiti chako, na pembeni Buthaina mkewe anakanda unga kuliko sisi sote. Nihal ndiye aliyewaita.

"Bwana Hamdi," Nihal akasema, "mwambie shangazi ulichoniambia mimi."

Yule mtu akawa mwekundu hadi masikioni. Mtu aliyewapiga makofi nusu ya waigizaji wa Misri! "Hajjat, naomba lisitoke hapa. Nina jina langu."

"Sema."

"Onesho lile la talaka lilikuwepo. Ustadh Raafat aliliandika. Mimi ndiye niliyekataa." Akamtazama Buthaina. "Nilimwambia, ustadh, niandikie niue, niandikie niibe, nivalishe gauni ukitaka. Lakini neno lile simwambii mama wa wanangu, hata kamera mia zikiwepo. Ustadh akanicheka. Akasema, Hamdi, ni kazi tu, mbona mimi nayasema yote jikoni kwangu? Akasema atakwenda nyumbani kulijaribu, kesho aje anionyeshe kwamba halina kitu."

"Miaka yote hii tumeoana," Buthaina akasema bila kuinua kichwa, "na anaogopa hata kulisikia kwenye redio. Kofi ananipiga vizuri sana."

"Kofi la kuigiza, Buthaina!"

Hadithi tamu. Na ndiyo maana sikuiamini. Mtu huyu kazi yake ni kusema uongo na kupigiwa makofi. Nihal angeweza kumpanga. Nikasimama, nikaingiwa na kazi yangu ya zamani.

"Hajjat Fikriya," nikasema, "njoo chumbani." Nikamkalisha kitandani, nikafunga mlango. "Nisimulie ugomvi ule tangu mwanzo. Neno kwa neno. Usiongeze, usipunguze."

Aling'aa kama bibi harusi. Mwaka mzima hakuna aliyemwomba yote. "Alianza na nguo. Chukua nguo zako, akasema, urudi kwa kaka yako Tanta, na watoto wako watano uwachukue, maana wamefanana naye kwa ulafi—"

"Ngoja. Kaka yake Tanta?"

"Tanta. Alisema Tanta wazi wazi."

"Inayat hana kaka, Hajjat. Ni watu wa Port Said."

"Nilidhani ni kaka wa kunyonya."

"Na watoto watano? Ana Nihal peke yake!"

"Hasira, Hajjat," akasema, "hasira humkosesha mtu hesabu."

"Na mwaka wote huu hukuniambia habari ya kaka wala ya watoto?"

Akashangaa kweli kweli. "Uliniuliza ametamka au hakutamka. Nikakwambia ametamka."

Ya Rabi, nipe subira. Nikamwacha humo, nikarudi sebuleni, nikafunga mlango nyuma yangu. Huwezi kuwasahihisha watahiniwa wawili kama hujawatenganisha. "Bwana Hamdi, nisomee onesho."

"Siwezi. Buthaina yuko hapa."

"Buthaina, toka nje kidogo, mama."

Akatoka roshanini na unga mikononi, akafunga kioo, akageuka mgongo, mabega yakitikisika kwa kicheko. Hamdi akasimama. Akavuta pumzi. Sauti ile ya pipa ikajaa nyumba.

"Chukua nguo zako, urudi kwa kaka yako Tanta—"

"NA WATOTO WAKO WATANO!" Hajjat Fikriya akapiga kelele toka chumbani, sikio likiwa mlangoni. "UWACHUKUE, MAANA WAMEFANANA NAYE KWA ULAFI!"

Hamdi akaugeukia mlango wa chumbani. "Huyu bibi amesomea wapi?"

Nilikaa chini. Nilikaa juu ya sinia la unga, sikujua. Nilikuwa nasema "Alhamdulillah, Alhamdulillah", nikilia hadi pua ikanivuja, kwa sababu ulikuwa unasoma, Raafat. Ulikuwa unasoma tu.

Nikainua macho, Inayat alikuwa amesimama mlangoni mwa jiko na mwiko mkononi. Alikuwa amesikia yote. Sikuweza kumtazama.

"Wifi," nikasema, "mbona hukusema?"

"Hukuniuliza, wifi. Na mimi niliapishwa nisianze kulisema."

"Uliapishwa na nani?"

"Na mdogo wako." Akaja akakaa chini karibu yangu, kwenye unga. Kisha akatusimulia lile ambalo Hajjat Fikriya hakulingoja.

Ulipomaliza ya tatu, ilikuwa zamu yake. Kwenye maandishi mke alipaswa kulia. Yeye hakulia. Aliinuka kwenye kile kiti cha chini, akaenda chumbani, akaanza kutoa nguo zake kabatini na kuzikunja. "Sijui nini kilinipata," alisema. "Nilijua ni kazi. Najua mdomo wake anaposoma na mdomo wake mwenyewe. Lakini mikono ilikwenda yenyewe. Nilikuwa nimekunja gauni la tatu aliponiona."

Ukamkimbilia. Ukaanguka magotini kwa uzito wako ule, na goti lako bovu, ukashika gauni ukavuta. "Si mimi, Inayat, ni Hamdi! Ni Hamdi anayesema!" Ukazirudisha nguo zote kabatini kwa mkono wako, zimejikunja ovyo, na jioni ile ile ukampigia Hamdi simu ukamwambia ana haki, neno linaondolewa. Ndipo mkaweka lile basi la barabarani.

"Na halikuisha hapo," Hamdi akasema taratibu.

Halikuisha. Ulikwenda kwa sheikhe, si huyu wetu, ulikwenda kwa wa mtaa wa Shubra asiyekujua. Akakwambia kama wetu alivyoniambia mimi: hapana talaka, nenda zako. Lakini moyo haukutulia. Ukamwomba akufungie ndoa upya, kwa tahadhari tu. Sheikhe akasema haina haja. Ukasema haja ni ya kwako. Kesho yake ukamchukua Inayat, na Hamdi na mwongozaji wako wakawa mashahidi, mkaoana mara ya pili mbele ya sheikhe huyo huyo, muuza vitabu vya dini, pamoja na paka wake. Mahari ilikuwa sahani ya kunafa.

"Akasema Dawlat asijue," Inayat akasema. "Akasema, dada yangu akisikia nimelitamka lile neno, hatalala. Atanihofia mpaka afe."

Nilimtazama mwanamke huyu, Raafat. Mwaka mzima amenimiminia chai, huku akijua ninachofikiri, akatunza kiapo chako ili mimi nilale. Na mimi sikulala. Nilimkumbatia tukapakaana unga mwili mzima, nikamwambia nilichopaswa kumwambia, na hicho hakimhusu mtu wa gazeti.

Kisha, mdogo wangu, hasira ikanipanda. Ulioa! Ulioa na dada yako hakualikwa! Nimekulea, nimekuvika suruali yako ya kwanza, halafu kwenye harusi yako anakaribishwa mwongozaji na paka? Nilimhoji Inayat mpaka jioni: mlivaa nini, nani alipiga vigelegele, mlikula wapi. Anasema mlikula samaki. Nina shaka kuna jambo ananificha, maana alikuwa anacheka.

Hitima yako itasomwa nyumbani kwako baada ya alasiri, na mikate ya rehema itagawiwa makaburini asubuhi yake. Aliyewahi kupewa na wewe sentensi moja ya kusema, na aje. Viti vipo vya kutosha. Hajjat Fikriya atakuwepo, tumemwomba asimulie yote kwa mama Samia, tangu mwanzo.

Wanaokukumbuka ni mkeo Inayat, na tena mkeo Inayat, kwa ndoa zote mbili; binti yako Nihal; ndugu yako Mukhtar, ambaye amekusamehe sharubu; na mimi dada yako Dawlat, ambaye safari hii nimekubali kuandikwa mwisho.

Lala salama, Raafat; mkeo halali atakufuata siku Mungu atakayopenda. Tungali nawe, na hatutakusahau kamwe.